Unyenyekevu na unyofu katika sala: maneno mawili, kazi mbili

Hapa Tabora salamu yenyewe ni somo. Binti wa Kinyamwezi aliyelelewa akalelewa, akikutana na mzee asubuhi, anapiga goti ndipo aseme "mwangaluka", na mzee anaitikia bila haraka. Lakini wazee hao hao wanajua kulisoma goti. Lipo goti la msichana aliyenuna, mama kamsukuma sebuleni akasalimie wageni, na kila aliyeketi pale anaona kwamba goti limeshuka ila moyo umebaki umesimama wima. Hakuna anayemkemea, maana heshima imetolewa. Hakuna anayedanganyika pia.

Katika mafundisho ya sala tunasikia unyenyekevu na unyofu vikitajwa pamoja, kama uji na kikombe chake, hadi tunadhani ni kitu kimoja chenye majina mawili. Sivyo. Lile goti la msichana lina unyenyekevu wa nje na halina unyofu. Na kinyume chake kipo, tutakiona.

Unyenyekevu unatokana na kunyenyekea, yaani kujishusha mbele ya aliye mkubwa kwako. Unyofu una shina moja na kunyooka. Kilichonyooka hakina kona, na mtu mnyofu ni yule ambaye ndani na nje yake ni mstari mmoja. Zaburi za Kiswahili zinawataja mara nyingi "wanyofu wa moyo", na pale Paulo anapowaandikia Wakorintho (1 Kor 5:8) watafsiri waliandika "weupe wa moyo", maneno ambayo mimi nayapenda kuliko yote. Mkulima wa tumbaku wa Urambo au Sikonge hahitaji mahubiri marefu hapa. Mtumba ukifumuliwa sokoni, majani ya juu yana rangi nzuri, katikati yameshindiliwa mabovu, basi kila mtu anajua kilichofanyika usiku ule wa kufunga. Nabii Isaya aliona ibada ya namna hiyo: watu wanamkaribia Mungu kwa vinywa, mioyo yao iko mbali (Isa 29:13).

Sasa kwenye mfano ambao kila Mkristo ameusikia, ule wa Luka 18. Watu wawili wanapanda hekaluni kusali. Mfarisayo, mtu wa kundi la Wayahudi lililoshika sana Sheria ya Musa, anashukuru kwamba yeye si kama watu wengine, anafunga mara mbili kwa juma, anatoa zaka ya mapato yake yote. Mtoza ushuru anasimama mbali, hainui macho, anajipiga kifua na kusema, "Ee Mungu, uniwie radhi mimi mwenye dhambi." Yesu anasema ni huyu wa pili aliyerudi nyumbani amehesabiwa haki.

Wengi tunasimulia mfano huu kana kwamba Mfarisayo alikuwa mwongo. Usome tena. Hakuna mahali panaposema alidanganya. Kufunga alifunga kweli, na zaka alitoa kweli, zaidi ya alivyotakiwa na Sheria. Tena alimshukuru Mungu, hakujishukuru mwenyewe. Kwa upande wa ukweli wa habari alizotoa, huwezi kumshika popote. Na mtoza ushuru hakuwa mtu mwema aliyeonewa. Watu wa kazi ile walikusanya kwa faida ya watawala wa Kirumi na walijulikana kwa kuzidisha. Ndiyo maana Yohana Mbatizaji aliwaambia wasitoze zaidi ya walivyoamriwa (Lk 3:13). Aliposema ni mwenye dhambi hakuwa anajidhalilisha. Alikuwa anataja jina lake.

Tofauti yao iko wapi basi? Hesabu maombi. Mfarisayo hakuomba chochote. Sala yake yote ni taarifa, na katikati ya taarifa anamtazama jirani ili apate kipimo cha kujipimia. Alikuja na mikono iliyojaa, akaondoka nayo vile vile. Mtoza ushuru ana sentensi moja, na sentensi hiyo ni ombi. Hapo ndipo unyenyekevu wa sala unapokaa: katika kuhitaji. Katekisimu ya Kanisa Katoliki ya 1992 inasema (namba 2559) kwamba unyenyekevu ndio msingi wa sala, na inamnukuu Mtakatifu Agostino, askofu wa kale wa Afrika ya Kaskazini, aliyesema mwanadamu ni ombaomba mbele ya Mungu. Ombaomba hapimwi kwa upole wa sauti yake. Anatambulika kwa kuwa amenyoosha mkono.

Kwa hiyo Mfarisayo ni ile sura ya pili niliyoahidi: alisema kweli, ila hakujishusha. Ukweli wake ulikuwa wa sehemu, aliupeleka kwa Mungu upande mmoja kama picha ya paspoti. Unyofu mzima ungemlazimu ageuke na upande wa pili, na hapo angekuta cha kuomba.

Kuna mzaha fulani katika Kiswahili chetu hapa. Kujipiga kifua kwetu ni kujigamba: fundi anajipiga kifua kwamba hakuna kama yeye mtaani. Na Jumapili, katika sala ya kuungama, tunasema "nimekosa mimi, nimekosa mimi, nimekosa sana" tukipiga kifua kile kile, kwa mkono ule ule. Tendo halibadiliki hata kidogo. Ukimtazama mtu kwa mbali dirishani huwezi kujua anafanya lipi.

Nikiri kwamba haya nimejifunza zaidi kwenye jumuiya ndogo ndogo, vile vikundi vya Wakatoliki majirani wanaosali pamoja, kuliko vitabuni. Tunakaa chini ya mwembe, mabenchi machache na mkeka, na ukifika wakati wa nia kila mmoja anatoa lake, wengine wanaitikia "twakuomba utusikie". Hapo utasikia aina zote. Ipo sala ya tangazo: "Bwana, wewe unajua jinsi kijana wetu alivyopata daraja la kwanza na sasa anakwenda chuo kikuu." Mungu anajua, wanaoambiwa ni majirani. Ipo sala ya kijembe, hii ndiyo kali: "Tuwaombee wale wanaokuja jumuiya huku ndimi zao hazitulii." Mlengwa amekaa hatua tatu kutoka hapo, ameinamisha kichwa, naye anaandaa nia yake ya kujibu. Na ipo ile ya kujiponda: "Ee Mungu, mimi ni mavumbi, mimi si kitu, mimi sistahili." Halafu ibada ikiisha, mtu akisahau kumtaja katika shukrani, mavumbi yanakasirika wiki nzima. Nasema hivi bila kumcheka mtu. Zote tatu nimewahi kuzisali mwenyewe, na ile ya kijembe niliipanga njia nzima tangu nyumbani.

Yesu aliigusa hali hii alipoonya juu ya wanafiki wanaopenda kusali wamesimama kwenye masinagogi na pembe za njia ili waonekane (Mt 6:5). Neno la Kigiriki lililotafsiriwa "mnafiki", hypokrites, lilikuwa jina la mwigizaji wa jukwaani. Kosa la mwigizaji wa sala ni kwamba ana watazamaji wengine. Dawa aliyoitoa Yesu ni ya kuondoa watazamaji: ingia chumba cha ndani, funga mlango. Kwetu wengine chumba cha ndani ni shida, nyumba ina vyumba viwili na watoto sita. Mama mmoja aliniambia chumba chake ni njia ya kwenda kisimani saa kumi na moja alfajiri.

Hivi hakuna dalili za nje za kutegemea? Kwa kweli ni chache mno. Watu hugombana kuhusu kupiga magoti na kusimama, lakini yule mtoza ushuru alisali amesimama, kama ilivyokuwa desturi ya Wayahudi. Mtaguso wa Nikea, yaani mkutano mkuu wa maaskofu wa mwaka 325, katika kanuni yake ya 20, uliagiza Wakristo wasali wamesimama siku za Jumapili na majira ya Pentekoste. Kwa hiyo maaskofu wa wakati ule wangemwona apigaye goti Jumapili kuwa ndiye mwenye hitilafu.

Sauti nayo haisaidii. Hana, mama yake Samweli, alisali pale Shilo midomo ikitikisika tu bila sauti, kuhani Eli akadhani amelewa. Bartimayo kipofu wa Yeriko alipiga kelele hadi watu wakamkemea anyamaze, akazidi. Wote wawili walisikilizwa. Wanaosema wenzetu wa makanisa ya uamsho wanapayuka, na wale wanaojibu kwamba sisi tumepoa, wote wanapima kwa kipimo ambacho hakipo. Agostino, akimwandikia mjane aliyeitwa Proba, alitenganisha maneno mengi na upendo mrefu. Mtu anaweza kusali usiku kucha asiwe na maneno mengi, na mwingine akamaliza maneno yote kwa dakika tano asiwe amesali.

Swali ninaloulizwa mara nyingi na vijana ni la vitabu. Sala iliyoandikwa na mwingine, unaisoma tu, itakuwaje nyofu? Miaka mingi vitabu vya Kikatoliki vilichapwa hapa hapa karibu, Kipalapala, na bibi zetu walivisoma hadi kurasa zikawa laini kama kitambaa. Jibu langu ni Zaburi. Zile ni sala za watu wengine zilizoandikwa, na Yesu msalabani alisali kwa maneno ya Zaburi hizo: "Mungu wangu, mbona umeniacha" ni Zaburi ya 22, na "mikononi mwako naiweka roho yangu" ni ya 31. Hakuna aliyewahi kusema kwamba pale alikosa unyofu kwa kuwa maneno hayakuwa mapya. Maneno ya kuazima yana faida moja: hukubana useme hata lile usilotaka kusema, kama "utusamehe makosa yetu, kama tunavyowasamehe". Ukiachiwa utunge mwenyewe, sehemu hiyo huenda ungeiruka.

Linabaki jambo la siku kavu, mtu anapoinama kusali na ndani hakuna kitu, wala imani haionekani ilipo. Wengi huacha kusali hapo, wakidhani kuendelea ni unafiki. Marko 9 ina baba aliyemleta mwanawe mgonjwa, aliyekuwa akianguka motoni mara kwa mara, wanafunzi wamejaribu wakashindwa, na Yesu anamwambia yote yawezekana kwake aaminiye. Yule baba angeweza kujibu "naamini" akanyamaza. Kila mzazi mwenye mtoto anayeanguka motoni angejibu hivyo. Badala yake alilia, akasema: "Naamini, nisaidie kutokuamini kwangu." Kwa maneno manne amefungua mtumba hadi katikati, akanyoosha na mkono. Mtoto aliponywa siku hiyo hiyo.