Jumba la Dam halikujengewa mfalme

Wengi huamini kasri lililo uwanja wa Dam, Amsterdam, lilijengwa kwa ajili ya wafalme. Sivyo. Lilianza mwaka 1648 kama jumba la halmashauri ya jiji, kwa ramani ya Jacob van Campen. Litazame mbele: halina lango kuu, ni vimilango saba tu. Chini kulikuwa na chumba cha kusomea hukumu za kifo.

Uzito wote umebebwa na nguzo za mbao 13,659 zilizopigwa topeni hadi kwenye mchanga (kukumbuka ni rahisi: siku 365, tanguliza 1, malizia 9). Zikizama majini haziozi. Maji yakishuka, hewa hupenya na kuvu huanza kuzila.

Halmashauri ililipoteza jumba mwaka 1808, Louis Bonaparte, mfalme wa Uholanzi, alipolifanya makazi yake.