Video ya marehemu siyo "sanaa ya video", jamani

Wiki hii tena nimekuta mtu kaposti picha za marehemu zinapishana, kabandikiwa mbawa za malaika mabegani, mawingu nyuma, mishumaa pembeni, chini kaandika "sanaa ya video". Nikasema leo naandika.

Kwa kifupi, sanaa ya video ni kazi ya msanii anayetumia picha zinazotembea na sauti kama mchoraji anavyotumia rangi, mara nyingi haina hadithi, inazunguka tu ukutani, unaingia muda wowote unatoka muda wowote. Basi, maana ndo hiyo.

Sasa neno lenyewe. Video ni Kilatini, na kule ni kitenzi, maana yake "naona". Mimi, naona. Sisi tumeligeuza likawa "kuonyesha", na kuona na kuonyesha hata kwenye Kiswahili ni vitu viwili. Ile ya marehemu inaonyesha: alizaliwa lini, kaacha watoto wangapi, yuko mbinguni, ushaambiwa kila kitu.

Halafu kuna Bill Viola, msanii wa video, Mmarekani, kafariki 2024. Mwaka 2007 kule Venice, Italia, kwenye kakanisa ka San Gallo, aliweka skrini kwenye madhabahu tatu za mawe. Mbali gizani kuna mtu, wa kijivu, chengachenga kama TV ya zamani antena imepinda. Anakuja taratibu mnoo. Akifika mbele anapita kwenye kitu ambacho hukukiona, kumbe ukuta wa maji, maji yanaruka, na hapohapo anapata rangi, unaona mpaka matone kwenye kope. Anakutazama. Halafu anageuka anarudi gizani. Anaitwa nani, anaenda wapi, huambiwi.

Na zile chenga siyo efekti ya app, upande wa gizani, yaani wa wafu, alitumia kamera kongwe ya ulinzi, ya nyeusi na nyeupe, upande wa huku mbele ya maji, wa walio hai, kamera ya HD. Jina la kazi, Ocean Without a Shore, yaani bahari isiyo na ufuo, kalitoa kwa Ibn Arabi, yule sufi wa zamani, na wazo kalitoa kwenye shairi la Birago Diop wa Senegal anayesema waliokufa hawajaondoka, jambo ambalo wazee wetu wa mizimu wangelielewa bila mkalimani.

Za marehemu endeleeni kutengeneza tu, hata mimi ya babu ninayo kwenye simu na naiangalia sana. Ila hiyo naiita video ya kumbukumbu.