Karabai ya dagaa na taa ya mnara ni ndugu

Ukikaa Capri Point, hapa Mwanza, usiku wa giza, ule wanaoupenda wavuvi wa dagaa kwa sababu mwezi haupo, unaona ziwa limewaka utadhani kuna mji mwingine huko ndani. Kazi yangu ni kufunga na kukarabati taa za kuongozea vyombo majini, kwa hiyo watu wananiuliza sana, hivi wazungu walijenga minara mirefu vile baharini ya nini wakati taa ni taa tu? Ngoja nieleze, manake jambo hili nalipenda kweli.

Karabai unaijua. Unapiga pampu, mafuta ya taa yanasukumwa na presha, yanapita kwenye kibomba cha moto yanageuka mvuke, mvuke unaenda kuwaka kwenye kile kisoksi cheupe mpaka macho yanauma. Basi mwanzoni mwa karne ya 20 minara mingi ilikuwa inawaka hivyohivyo, na mlinzi wa taa huko Uingereza alikuwa anapiga pampu kama mvuvi wa Igombe.

Kilichoupeleka mbali mwanga huo ni lenzi. Mfaransa Augustin Fresnel aliifunga ya kwanza mwaka 1823 kwenye mnara wa Cordouan, pale mto Gironde unapoingia baharini. Badala ya kioo kimoja kinene alipanga vipande vingi ngazi ngazi, kila kipande kinaukamata mwanga uliokuwa unapotelea juu au chini na kuupinda uende mlalo majini.

Ila mwanga mkali peke yake hautoshi. Niliwahi kutoka Ukerewe na boti usiku, nahodha akashika taa moja nyeupe akijua ni ya gati, tukaifuata weee, kumbe ni wavuvi, tukastuka tuko juu ya nyavu zao na watu wanapiga kelele. Taa isiyopepesa haina jina. Mnara jina lake ni mpigo wake, labda inamulika mara mbili halafu giza sekunde kadhaa, nahodha anahesabu, anaangalia chati, yaani ramani ya majini, anajua yuko wapi.

Huo mpigo ndo ulikuwa mzigo wa mlinzi. Lenzi kubwa ni tani kadhaa, walikuwa wanaielesha kwenye beseni la zebaki ili izunguke laini (na mvuke wa zebaki ni sumu, waliuvuta miaka yote hiyo), na kilichoizungusha ni mashine kama ya saa, inavutwa na chuma kizito kinachoshuka polepole katikati ya mnara. Kikifika chini mtu anakipandisha kwa mkono, halafu tena, mpaka alfajiri. Akipitiwa na usingizi lenzi inasimama, na meli huko nje inasoma taa ambayo haipo kwenye chati.

Na moto wenyewe ulikuwa hatari. Mwaka 1755 mnara wa mbao wa Eddystone, huko Uingereza, uliungua, mlinzi Henry Hall, mzee anayetajwa kuwa na miaka 94, alikuwa anarusha maji juu, madini ya risasi ya paa yaliyoyeyuka yakamwingia kooni. Alikufa siku chache baadaye, na kipande kilichotolewa tumboni mwake kipo makumbusho ya taifa ya Scotland mpaka leo.

Aliyeanza kuwapumzisha walinzi ni Msweden Gustaf Dalén, 1907, na vali yake ya jua. Fimbo nyeusi inakunywa joto la mchana inarefuka inaziba gesi ya taa, jua likizama inanywea, gesi inapita, taa inawaka yenyewe. Mwaka 1912 mlipuko wa gesi ulimpofua, na mwaka huohuo akapewa Nobel ya fizikia. Uingereza mlinzi wa mwisho aliondoka North Foreland mwaka 1998.

Siku hizi mi nafunga sola, betri na taa ndogo ya LED. Nikimaliza, hata kama ni saa saba mchana, naiziba sensa yake ya mwanga kwa kiganja ili idhani usiku umeingia, inaanza kumulika, nami natoa saa mfukoni nahesabu.