Mbunge wa jimbo Marekani haendi Washington

Msomaji wa Tanzania akisikia kwamba askari wa zimamoto amekuwa mbunge wa jimbo huko Marekani, hudhani ameaga ngazi na mpira wa maji, akahamia mji mkuu kula mshahara mnono. Sivyo. Kule jimbo si eneo la uchaguzi, bali lina katiba, gavana na bunge lake. Jimbo la New Hampshire, lenye wawakilishi 400, huwalipa dola 200 kwa muhula wa miaka 2, kiwango cha tangu 1889, hivyo wengi ni wastaafu au wana kazi nyingine. Sheria zao, hata hivyo, humgusa zimamoto moja kwa moja: mwaka 2018 jimbo la Washington, lile la pwani ya Pasifiki, lilipitisha sheria ya kuzuia uuzaji wa povu la kuzimia moto lenye PFAS, yaani kemikali za viwandani zisizooza kwa urahisi.