Je, wajua kwa nini Allensworth haijawahi kuwa mji?

Kwetu Tanzania hata kijiji kilichojificha nyuma ya mlima kina mwenyekiti, mtendaji na muhuri. Marekani sivyo. Huko ziko jamii nyingi zenye jina, shule na posta, ila kisheria si mji wala kijiji. Hazina meya wala baraza, na mambo yao huamuliwa makao makuu ya kaunti, ambayo ni kama wilaya kwetu. Allensworth, katika kaunti ya Tulare, California, ni mojawapo, ingawa ilianzishwa na watu waliotaka hasa kujitawala.

Allen Allensworth alizaliwa utumwani Louisville, Kentucky, mwaka 1842. Alipokuwa mtoto aliuzwa kwa sababu alikuwa akijifunza kusoma. Wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe alitoroka, akaingia jeshi la majini la Kaskazini, upande uliopigana na majimbo ya watumwa ya Kusini, na baada ya vita akawa mchungaji wa Kibaptisti. Mwaka 1906 alistaafu jeshini, alikokuwa kasisi wa kikosi cha askari weusi, akiwa na cheo cha luteni kanali. Hakuna Mmarekani mweusi aliyekuwa amefika hapo kabla yake.

Mwaka 1908 yeye, mwalimu William Payne na wenzao wakaanzisha makazi ya watu weusi, kila mtu na kiwanja chake. Walichagua mahali hapo kwa sababu ardhi ilikuwa rahisi na treni ya Santa Fe ilisimama papo hapo. Shule ikajengwa 1912. Mke wa kanali, Josephine, akatoa maktaba kwa kumbukumbu ya mama yake. Mkazi mmoja, Oscar Overr, akachaguliwa kuwa hakimu wa eneo.

Kisha ukaja mwaka 1914. Reli ikahamishia biashara yake Alpaugh, jirani tu, na fedha za wapita njia zikaenda nayo. Septemba hiyo kanali aligongwa na pikipiki huko Monrovia akielekea kuhubiri, akafa. Wengi husema kijiji kilikufa naye. Mimi sikubali. Kilichokibana zaidi ni maji.

Kampuni iliyouza viwanja iliahidi maji ya kutosha. Mwanzoni visima vilibubujika vyenyewe, pasipo pampu. Lakini visima vilivyochimbwa havikufikia ahadi, mashamba bondeni yakazidi kuvuta, na maji yakashuka chini. Udongo nao una magadi, mazao hayakui sawasawa bila maji mengi ya kuusuuza. Pasipo maji huongezi watu, na pasipo watu hakuna kodi ya kuendesha baraza la mji. Vijana wakafuata kazi Los Angeles na Oakland.

Mwaka 1966 maji yaliyobaki yakakutwa na aseniki, sumu ya asili iliyo ardhini. Haina rangi, haina ladha, na wala usidhani kuchemsha kutakusaidia: mvuke huondoka, sumu hubaki sufuriani, tena imekolea zaidi. Dawa yake ni mtambo wa kuchuja au kisima kingine, na gharama hiyo wanagawana watu mia kadhaa tu.

Mwaka 1974 jimbo lilifanya sehemu ya zamani kuwa hifadhi ya historia. Majengo yakakarabatiwa, na ile shule ya 1912 inapokea wageni hadi leo. Pembeni ya hifadhi wanaishi watu, wengi wao sasa wana asili ya Mexico na wanafanya kazi mashambani. Machi 2023 ziwa Tulare, lililokaushwa zamani ili palimwe, lilirudi kwa mafuriko. Safari hii maji yalikuwa mengi kupita kiasi, na wakazi wakatoka na makoleo na mifuko ya mchanga kuyazuia wenyewe yasiingie majumbani.