Kufiwa, na programu inayojibu kama marehemu

Ni kweli kuna programu inayomfanya marehemu aongee?

Ipo, ila anayeongea si yeye. Programu hulishwa meseji na sauti alizoacha, ikashika namna yake ya kupanga maneno, kisha ikabashiri angejibuje. Mwaka 2016 Eugenia Kuyda aliunda ya namna hiyo kutokana na meseji za rafiki yake Roman Mazurenko, aliyefariki 2015 kwa kugongwa na gari Moscow. Kwa kuwa ni ubashiri, inaweza kukuambia "nimekusamehe" kwa jambo ambalo marehemu hakuwahi hata kulijua.

Nikiitumia, nitaumia?

Si lazima. Wafiwa wengi huongea na marehemu bila simu yoyote, mbele ya picha au kaburini, na huo si wazimu. Mwaka 1999 watafiti Margaret Stroebe na Henk Schut walieleza kwamba mfiwa huenda na kurudi: mara anaukabili msiba, mara anashughulika na maisha yaliyobaki. Hofu yangu ni programu kumng'ang'aniza upande mmoja. Picha haikujibu, mwishowe unaiweka chini. Hii inajibu hata saa nane usiku, haichoki wala hainuni, na huenda mwenye kampuni anafaidika ukikesha nayo.

Kwa hiyo jiangalie ukishaifunga. Ukilia, ukapata nafuu na kulala, sioni ubaya. Ukianza kukwepa ndugu ili ubaki nayo, au huamui jambo mpaka uiulize, iweke kando na uzungumze na mshauri nasaha.

Majonzi huwa ugonjwa lini?

Shirika la Afya Duniani linataja angalau miezi 6 ya hamu kali ya marehemu inayomzuia mtu kuishi maisha yake, kupita kiasi cha kawaida katika mila na dini yake. Mwongozo wa madaktari wa akili wa Marekani unasema miezi 12 kwa watu wazima. Kulia tu, hata mwezi wa saba baada ya msiba, si ugonjwa. Lakini ukiwaza kujiua, usihesabu miezi: mwambie mtu sasa hivi, akupeleke hospitali.

Na mtoto aliyefiwa na mzazi?

Mimi nisingempa programu hii. Mtoto mdogo bado hajaelewa kwamba aliyekufa harudi, na sauti inayomwita jina itamchanganya zaidi. Mwambie wazi, "Baba amekufa", usiseme amelala au amesafiri. Atauliza tena kesho, na kesho kutwa, mjibu vilevile.