Korongo wanaooga kisimani: vitendawili vya Punjab

Kwetu anayetega husema "Kitendawili!" akajibiwa "Tega!" Punjab nako, India na Pakistani, watu wana vitendawili vyao, bujharat, na hutegwa usiku baada ya chakula. Mchana ni mwiko. Wazee wa vijijini huonya kwamba ukisimulia au ukitega jua likiwa juu, wasafiri watapotea njia. Naupenda mwiko huu, maana unailinda kazi ya shamba isiliwe na porojo.

Vingi ni vyepesi. "Kasichana kadogo kameondoka na paranda yake." Paranda ni zile nyuzi za rangi ambazo wanawake wa Kipunjabi husukia kwenye nywele zikaning'inia mgongoni. Jibu: sindano na uzi. Kingine: "Natoa maji kwenye kuni, kisha nayafanya bonge." Ni muwa, unaokamuliwa na maji yake kuchemshwa hadi yawe sukari guru.

Kipo pia hiki, ambacho hakichekeshi: "Ua la yungiyungi, thamani yake elfu. Mmoja analo nusu, mwingine analo lote, mwingine, maskini, hana kabisa." Jibu ni wazazi. Aliyebakiwa na mama peke yake ana nusu.

Lakini ninachokipenda kuliko vyote ni hiki: "Ukingo huku, ukingo kule, katikati njuga zinalia, korongo wanakuja, wanazaa, wanakwenda kuoga mtoni." Aliyezaliwa juzi hakitegui hata akipewa usiku kucha. Jibu ni vyungu vya gurudumu la kisima. Ng'ombe, au ngamia, alizungushwa akiwa amefungwa kwenye mti uliounganishwa na magurudumu ya meno. Gurudumu lililosimama juu ya kisima lilibeba mnyororo wa kamba uliofungwa vyungu vya udongo. Vyungu vilishuka vitupu, vikapanda vimejaa, vikafika juu, vikainama na kumwaga maji kwenye mfereji, kisha vikarudi chini. Huko kumwaga ndiko kuzaa. Na korongo ni ndege ambao Wapunjabi huwaona kila majira ya baridi wakipita angani kwa mistari mirefu, mmoja nyuma ya mwenzake, sawasawa na vyungu kwenye kamba.

Kuanzia miaka ya 1960, kilimo kilipobadilika, visima vya bomba vyenye pampu za dizeli na umeme vilienea, na gurudumu likaondoka mashambani. Kitendawili kimebaki, ila mtoto hulikariri jibu bila kukiona chombo. Ndiyo maana sipendi mikusanyo inayopanga swali upande huu na jibu upande ule, basi. Utamu wa kutegua uko katika kuona jinsi kitu kinavyofanya kazi, na asiyekijua kitu hana cha kutegua. Mimi nikikiandika hiki cha korongo, huchora pembeni gurudumu, kamba, vyungu na ng'ombe anayezunguka, ndipo naandika jibu.